Wimbo wa Mama Mkwe

"Siwezi kuupiga huu," Kamshat alisema, akaulaza upinde juu ya magoti yake.

Okestra nzima ilinyamaza. Wapiga fidla waliokuwa wakigeuza karatasi za nota waliacha mikono hewani. Asilkhan, aliyesimama mbele yao na kijiti chake cha kuongozea, alidhani uzi umekatika. Nyuzi za kobizi, fidla ya kale ya Wakazaki, ni singa za mkia wa farasi, na siku za joto hapa Almaty hulegea bila kuaga.

"Tupumzike uikaze?" alimwuliza kwa upole.

"Nyuzi ziko sawa."

"Basi ni mimi. Nimekuharakisha."

Kamshat aliinua macho. Tangu wapendane, macho yale yalikwisha kumtazama Asilkhan kwa namna nyingi: kwa utani, kwa wivu, kwa huruma siku alipokosea maneno ya Kikazaki mezani mbele ya wazee. Hayakuwahi kumtazama hivi. Yalimtazama kama mtu aliyeingia chumbani kwake bila kubisha hodi.

"Wimbo huu umeutoa wapi?"

Kabla hajajibu, sauti ya Marlen, mwongozaji wa filamu, ilitoka kwenye spika kutoka chumba cha vioo cha kurekodia. "Kuna nini huko? Ilikuwa inakwenda vizuri mno! Mimi hapa nimeshaanza kulia, halafu mnanikatiza!"

"Tupe muda kidogo," Asilkhan alisema. Akaweka kijiti chini. "Jamani, nendeni mkanywe chai."

Kamshat alikuwa amekwisha kutoka. Asilkhan alimkuta ukumbini, amesimama karibu na dirisha, kobizi ameikumbatia kifuani kama mtoto mchanga.

"Nilimsikia mama yako," Asilkhan alianza. Hakuwa mtu wa kusema uongo, hasa kwake. "Siku ile tulipokwenda kwenu. Alikuwa zizini anakamua farasi, anaimba peke yake. Mimi nilikuwa nyuma ya uzio. Kamshat, sijawahi kusikia kitu kama kile. Nikawasha simu."

"Ukamrekodi."

"Kama ninavyorekodi kila mtu. Unanijua."

"Nakujua. Ungeweza, ungerekodi hata ndoto zangu. Ulimwomba ruhusa?"

"Sikutaka kumkatiza."

"Hukutaka akatae."

Ilikuwa kweli, na ukweli huo ulimchoma Asilkhan zaidi kwa kuwa alikuwa hajawahi kujiambia.

"Na ukadhani ni wimbo gani?" Kamshat aliuliza.

"Wimbo wa bibi harusi. Wa kuaga kwao. Ninazo nyimbo nyingi za namna hiyo, Kamshat, nimezisikiliza miaka. Hupanda vile vile, hushuka vile vile."

"Ni maombolezo!" Sauti yake ilipasuka. Mpiga filimbi mmoja aliyekuwa akipita na kikombe cha chai aligeuka akarudi alikotoka. "Baba alipofariki, mama aliuimba mwaka mzima. Kila mgeni aliyefika kutupa pole, mama aligeukia ukuta akauimba. Nilikuwa bado mwanafunzi. Nilikuwa nikiziba masikio kwa mto. Na wewe umeuchukua, umeuweka kwenye harusi ya filamu! Msichana anavalishwa kofia ya bibi harusi, anapandishwa farasi, na nyuma yake okestra nzima inamlilia maiti."

"Sikujua."

"Hujui kwetu wimbo wa msiba hauimbwi pasipo na msiba? Unaita kifo, Asilkhan. Unaita!"

"Sikujua, wallahi."

"Ndiyo. Hujui, lakini unachukua." Akafuta machozi kwa mgongo wa mkono. "Mama hajajibu posa yako tangu masika. Kila mtu ananiuliza, nami nawaambia anajivuta tu, mimi ni kitinda mimba wake, inamuuma. Nilikuwa namwomba Mungu alainishe moyo wake. Leo nimejua cha kumwambia. Nitamwambia asijibu."

Akapita mbele yake akarudi ndani. Alikaa kitini, akapiga vipande vyote vilivyobaki bila kosa hata moja, na hakumtazama tena.

Asilkhan alikwenda chumba cha vioo. "Wimbo wa harusi nautoa," alimwambia Marlen.

"Unautoaje? Huo wimbo ndio filamu yenyewe!"

"Si wangu."

"Wa nani? Tutamlipa."

"Haununuliki. Marlen, ndugu yangu, nipe siku chache. Nitakuandikia mwingine."

"Okestra si maji ya bomba, useme unafungua na kufunga unavyotaka!" Lakini Marlen alipouona uso wa mwenzake alishusha pumzi. "Mmegombana. Haya. Nenda kapatane naye kwanza, maana kwa uso huo utaniandikia wimbo wa mazishi kweli kweli."

Asilkhan hakucheka. Alikuwa amezaliwa mjini, akasomeshwa kwa Kirusi, akajifunza fidla za kizungu kabla hajawahi kushika dombra, gambusi ya kwao. Nyimbo za watu wake alizijia ukubwani, kwa njaa ya mtu aliyechelewa chakula. Alizikusanya, akazipanga, akazivisha okestra, na watu wakampigia makofi. Jioni ile, amekaa kitandani peke yake, alijiuliza ni mangapi aliyoyabeba hivyo kutoka midomoni mwa watu. Alifungua simu, akautafuta wimbo wa zizini, akaufuta bila kuusikiliza tena. Kisha akatandika mswala.

Asubuhi alikwenda nyumbani kwa Kamshat, mtaa wa pili kutoka studio.

"Nakwenda kwa mama kuomba radhi," alisema akiwa mlangoni. "Sikuja kukuomba unisemee. Nimekuja kukwambia tu, usije ukasikia kwa wengine."

Kamshat alimtazama muda mrefu. Kisha akaingia ndani, akatoka na koti na kobizi yake.

"Siwezi kukuacha ukamwumize mama tena nikiwa sipo," alisema. Akafungua mlango wa nyuma wa gari, akakaa huko.

Njia nzima hadi upande wa Kegen, kwao Kamshat, walikwenda hivyo, yeye mbele na usukani, Kamshat nyuma na kobizi. Mara moja tu macho yao yalikutana katika kioo. Asilkhan aliona kope zake zimevimba, na Kamshat, bila shaka, aliona za kwake. Wote wawili wakageukia milima.

Wa kwanza kuwaona alikuwa Raigul, mke wa kaka yake Kamshat, mwanamke mnene mwenye kicheko cha kuamsha mbwa. Alikuwa uani anaanika mazulia.

"Karibu, shemeji wa lami, mtoto wa mjini!" alipaza sauti. "Mbona wifi yangu amekaa nyuma? Siku hizi umekuwa dereva wa teksi?"

"Hata teksi wanasalimia abiria," Kamshat alimjibu kwa ubaridi.

"Ala! Ugomvi huo." Raigul alimkonyeza Asilkhan. "Shemeji, mababu zako saba umeshawakariri kama kila Mkazaki anavyopaswa, au bado umekwama kwa yule wa nne?"

"Wote saba, shemeji. Hata usingizini."

"Basi umeendelea. Ingia. Mama yuko ndani, na leo mgongo unamuuma, kwa hiyo chunga ulimi."

Mama Uljan alikuwa ameketi mahali pake pa juu mezani, kitambaa cheupe kichwani, mikono mikubwa ya mkamuaji imetulia mapajani. Alimbusu binti yake kwenye paji la uso. Salamu ya Asilkhan aliipokea kwa heshima, akamwuliza habari za wazazi wake, habari za safari, habari za mvua huko mjini. Raigul aliweka maandazi na siagi, akamimina chai ya maziwa kidogo kidogo vikombeni, kama anavyomiminiwa mgeni anayependwa, ili aombe tena na akae zaidi. Hakuna aliyemwuliza amekuja kwa nini. Ilibidi aseme mwenyewe.

"Mama, nimekukosea."

Akaeleza yote. Zizi, uzio, simu. Akaeleza okestra na msichana aliyepanda farasi. Hakuficha kitu wala hakujitetea, na Kamshat, aliyekuja tayari kumsahihisha, hakupata neno la kusahihisha. Raigul alikuwa ameshika birika hewani, kicheko chote kimemkauka.

"Nimeutoa kwenye filamu," Asilkhan alimaliza. "Sikuja kuomba uniruhusu. Nimekuja kuomba unisamehe."

Mama Uljan alinyoosha mkono, akalichukua birika kutoka kwa Raigul, akavuta kikombe cha Asilkhan, akamimina. Akamimina mpaka chai ikafika ukingoni, ikatuna juu bila kumwagika. Akamsogezea.

Kamshat aliyaona hayo, na moyo wake ukashuka. Alikuwa ametaka Asilkhan aadhibiwe, ndiyo. Lakini mgeni anayepewa kikombe kilichojaa anaambiwa anywe hicho, aage, aende zake. Alihisi kama ni yeye anayefukuzwa.

Asilkhan alikiinua kwa mikono miwili, akainywa chai ile yote ingawa ilimwunguza, akainamisha kichwa, akasimama.

"Ahsante kwa chai, mama. Mungu akupe afya."

Alikuwa amefika mlangoni, anatafuta viatu vyake, sauti ya Mama Uljan ilipomfuata.

"Kumbe moja unaijua."

"Mama?"

"Desturi. Moja unaijua. Rudi ukae, nikufundishe ya pili."

Asilkhan alirudi na kiatu kimoja mkononi. Raigul alimnyang'anya.

"Hiyo sauti uliyonirekodi," Mama Uljan alisema, "iko wapi? Nataka niisikie."

"Nimeifuta, mama."

"Umeifuta?"

"Jana. Sikuwa na haki nayo."

"Hebu msikilizeni huyu!" Mama Uljan alimgeukia Raigul kama aliyetafuta shahidi. "Kwanza ananiiba, halafu ananitupa! Ilikuwa mbaya sana, sauti yangu?"

"Mama, niliposikia sauti ile nilimshukuru Mungu kwamba nina masikio."

Mama Uljan alikohoa kidogo na kurekebisha kitambaa chake, ambacho hakikuwa kimekaa vibaya. "Kamshat, leta chombo chako. Piga alivyoandika."

"Mama! Nyumba hii haina msiba."

"Nimesema piga."

Kamshat alikiegemeza chombo magotini. Akaanza kupiga. Wimbo ulipanda kama mtu anayekwea kilima akigeuka nyuma kila hatua, ukashuka, ukapanda tena, ukaishia juu, ukakatika hapo hapo. Asilkhan alikuwa amependa mno mwisho ule. Alikuwa ameandika ukimya baada yake, okestra yote imeshusha pinde, na Marlen alimwambia hakuna kitu kizuri zaidi katika filamu nzima.

"Halafu?" Mama Uljan aliuliza.

"Halafu basi, mama. Ni kimya."

"Kimya." Mama Uljan alitikisa kichwa. "Kamshat, mwanangu, njoo hapa karibu. Unajua wimbo huu niliuanza lini?"

"Baba alipofariki."

"Niliuanza siku nilipotolewa kwetu. Nilikuwa msichana mdogo kuliko wewe. Farasi wapo nje, watu wa baba yako wananisubiri, na mimi nimemshika mama yangu shingoni, naimba. Nilimlaumu kwa wimbo huu. Nilimwambia, mbona mnanitoa? Na mama yangu akanijibu kwa sauti hii hii, beti kwa beti, mpaka nikaachia shingo yake. Baba yako alipofariki, watu walikuja kunifundisha maombolezo mazuri, yenye maneno makubwa. Hayakunikaa mdomoni. Wimbo niliomjia nao ndio niliomsindikiza nao. Nikaimba mwaka mzima. Hakunijibu."

Raigul alifuta macho kwa ncha ya aproni.

"Tofauti ndiyo hiyo tu," Mama Uljan aliendelea, safari hii akimtazama Asilkhan. "Bibi harusi akilia, yupo wa kumjibu. Wa msiba hana. Ndiyo maana binti yangu aliposikia ulichoandika alisikia kifo. Umemwandika msichana anayelia, na hakuna anayemjibu. Watu wote hao wa okestra yako wanafanya nini?"

"Wanamsindikiza, mama."

"Kumsindikiza si kumjibu."

Asilkhan aliinama. Alikuwa amekaa darasani miaka mingi, na walimu wake walikuwa wazuri, naye aliwaombea dua hata sasa. Lakini hakuna aliyemwonyesha mahali kazi yake ilipokuwa na shimo kama alivyoonyeshwa na mama huyu kwa maneno matatu.

"Na siku ile zizini?" Kamshat aliuliza kwa sauti ndogo. "Ulikuwa unamlilia baba?"

"Siku ile ulikuwa jikoni na Raigul. Mnacheka. Huyu kijana wako alikuwa amekosea kusema kitu, sijui alisema nini..."

"Aliomba nyama ya shemeji badala ya nyama kwa shemeji!" Raigul alidakia, akicheka na kulia pamoja.

"Hicho. Nikakusikia ukicheka, nikajua hutakaa hapa tena. Hukuwahi kumchekea mtu hivyo. Basi mikono ikawa inakamua, na mdomo unaimba. Nilikuwa najipima tu, kama nitaweza kukujibu siku itakapofika." Akashusha macho. "Sikuweza. Kila nikianza jibu, nilishindwa. Ndiyo maana nilikaa kimya juu ya posa yako, kijana. Hukunikosea kitu wakati ule. Nilikuwa naogopa nyumba hii itakavyokuwa."

Kamshat aligeuka akamtazama Asilkhan. Kumbe sikio lake halikukosea. Alisikia kuaga kwa sababu palikuwa na kuaga. Adabu ndiyo iliyompotea nyuma ya uzio ule, na hiyo amesafiri njia yote kuja kuilipa, na chai ya moto akainywa.

"Nilikwambia maneno makali," alisema.

"Ulisema kweli."

"Si yote. Lile la mwisho, la kumwambia mama asijibu, halikuwa kweli hata kidogo. Nilipoona kikombe kinajaa nilitaka kulia."

"Mimi nililia," Asilkhan alisema. "Ilikuwa ya moto."

Alicheka wa kwanza Mama Uljan, kicheko kifupi kilichomshtua hata mwenyewe. Kisha akaikunja miguu yake vizuri, akaweka kiganja juu ya goti la binti yake.

"Piga tena. Na ukifika pale mwisho, usiondoe upinde. Ushike hapo hapo, unisubiri."

Kamshat alipiga. Safari hii alifumba macho. Raigul aliacha mlango wazi, na nje farasi mmoja alikoroma akanyamaza. Wimbo ulikwea, ukageuka nyuma, ukakwea tena. Ulipofika juu, pale ulipokatikia kwanza, upinde ulibaki juu ya singa, sauti moja nyembamba ikaendelea, ikisubiri.

Mama Uljan alivuta pumzi. Midomo ilifunguka, hakuna kilichotoka. Kamshat hakuondoa upinde. Machozi yalimtiririka hadi kidevuni, na hakuondoa upinde. Asilkhan, ambaye hakuna kazi aliyoijua vizuri kama kuwahesabia watu mahali pa kuingia, hakuhesabu. Alifungua viganja vyake mapajani na kumwachia Mungu.

Ndipo Mama Uljan akajibu, kwa sauti nzito ya mtu aliyekaa sana bila kuimba mbele za watu:

*Nenda mwana usilie,*
*mlango sijaufunga;*
*Mola akutangulie,*
*palokatika kuunga.*

Kobizi ikamfuata chini, taratibu, nyuzi na sauti zikishuka pamoja hadi zikafika mahali pa kupumzika. Hapakuwa na kimya baada yake. Palikuwa na Kamshat aliyeangukia shingo ya mama yake, na Raigul aliyekuwa akipenga kamasi kwenye aproni, na mama mwenyewe aliyekuwa akisema, "Basi, basi, umenibana mgongo."

Kisha Mama Uljan akafungua viganja vyake, na wote wakafungua vyao. Aliomba dua fupi. Aliwaombea mkate usiokatika na wageni wasiokatika, watoto, na ulimi mwema kati yao siku za hasira. Wakaitikia amina, wakapitisha mikono usoni.

"Haya, wewe," alimwambia Asilkhan. "Unangoja nini? Wimbo wako sasa una jibu, kauandike. Na waambie wazazi wako waje. Waje kabla ya baridi, barabara ikifungwa na theluji nisije nikabadili mawazo."

"Ahsante, mama," Asilkhan alisema.

"Na ukitaka kitu cha kwangu tena, uje mbele ya uzio."

"Ahsante, mama."

Kamshat alikuja akaketi kando yake, si ng'ambo ya meza, na chini ya kitambaa cha meza mkono wake uliutafuta wa Asilkhan ukaupata. Ulikuwa bado na joto la upinde. Asilkhan alitaka kumwambia mengi, mengine alikuwa ameyatunza tangu siku ya kwanza alipomwona akikaza nyuzi jukwaani, lakini neno lililomjia lilikuwa lile lile.

"Ahsante," alimnong'oneza. Akamwambia Mama Uljan tena, "Ahsante." Akamwambia Raigul, ambaye hakuwa amefanya kitu.

"Shemeji," Raigul alisema, akimmiminia chai kidogo, chini kabisa ya kikombe, "umeshukuru, tumesikia. Sasa kula, maandazi yanapoa."